Wasifu wa Everett na miaka miwili niliyoiruka

Gaithersburg. Jumapili alasiri, wiki ya kwanza ya Novemba. Mvua nyembamba tangu asubuhi, na baridi imeanza kuingia magotini.

Kosa wanalofanya watu wengi wanapoandika wasifu wa marehemu ni kudhani kwamba kazi yao ni kumfulia nguo. Wanatoa kila doa, wananyoosha kila kunyanzi, kisha wanashangaa kwamba nguo iliyobaki haimwenei mtu yeyote waliyemjua.

Nalijua kosa hili vizuri. Nimelifanya kwa miaka ishirini na kitu, na watu wamenishukuru kwa kulifanya.

Kwa msomaji mgeni, nieleze kidogo. Mimi ni mwalimu mstaafu. Nilifundisha biolojia Upareni, Tanzania, kisha maisha yakanileta huku Maryland, nikafanya kazi ya maabara mpaka nikastaafu mara ya pili. Katika jumuiya yetu ya Waswahili, tunaosali Wheaton kwenye kanisa tunaloazimwa mchana wenyeji wakishamaliza ibada yao, mimi ndiye mwandishi wa wasifu. Hakuna aliyenichagua. Zamani alifariki mwenzetu mmoja, ndugu zake wakashindwa kushika kalamu kwa kulia, nikaandika. Tangu hapo mtu akifa, simu yangu huita mapema sana.

Nina utaratibu wangu. Siku ya pili ya msiba naenda na daftari, naketi na wafiwa, nauliza maswali yale yale: alizaliwa wapi, alibatizwa lini, shule, kazi, ndoa, watoto, ugonjwa. Nyumbani naandika ukurasa mmoja. Hauzidi, kwa sababu kuna watu wamesimama nyuma ya kanisa na watoto wana njaa. Jioni ya kuamkia mazishi narudi, nawasomea wafiwa, na wakikubali mwenye msiba anatia sahihi chini. Sahihi niliianzisha baada ya kulaumiwa kwa kumsahau mke wa kwanza wa mtu. Ikishawekwa, hakuna anayegusa neno.

Wiki hii aliyefariki ni Everett, jirani yangu wa mlango wa tatu, mume wa Mama Neema. Alikuwa na miaka themanini na moja. Alikuwa Mwamerika, lakini mke wake ni wetu, kanisa lake lilikuwa letu, kwa hiyo na wasifu wake ulikuwa wangu.

Everett alikuwa mwandishi. Si wa magazeti wala wa hadithi; aliandika habari za mahali. Nyuma ya nyumba zetu kuna kijito ambacho mtu mwenye haraka anaweza kukivuka bila kukiona. Maji yake huteremka mpaka Mto Potomac, na wengi wetu tumeishi hapa miaka bila kujua kinaelekea upande gani. Everett alikwenda pale kila asubuhi kwa zaidi ya miaka thelathini. Alichomeka kijiti chenye alama cha kupimia kimo cha maji. Aliandika ni ndege gani amefika, mti gani umeanza kupukutisha majani, chura wa kwanza amelia siku gani. Kutokana na daftari hizo alitoa vitabu vinne vyembamba. Katika jumuiya yetu nadhani waliovisoma ni mimi na mkewe tu, na mkewe alikiri kwamba cha tatu kilimshinda.

Watoto wa kanisani walimwita Babu Ndege, na alilipenda jina hilo. Kiswahili chake kilikuwa cha kujikokota. Aliwaamkia watoto shikamoo, nao wakaanguka kwa kicheko. Nilipomweleza kwamba mkubwa hamwamkii mdogo, alijibu kwamba kila anayejua Kiswahili kuliko yeye ni mkubwa wake, kwa hiyo ataendelea. Akaendelea mpaka mwisho.

Watu wengi walimwona hivyo wakadhani wamemaliza kumjua. Mtu wa ndege na miti: mpole, hana neno na mtu, ameikimbia dunia. Lakini hebu fikiria. Mtu akitazama kijito kimoja kila siku, siku maji yatakapobadilika rangi yeye ndiye atakayekuwa wa kwanza kujua, na akishajua hawezi tena kusema hajui. Everett alikamatwa mara nyingi. Aliketi chini mbele ya magreda yaliyokuja kufyeka msitu ili barabara ipite. Aliketi mlangoni mwa ofisi za wakubwa mjini Washington, bango mapajani, akakataa kuinuka. Alikaa ndani siku moja, siku tatu, kisha alirudi na buti zake zilezile na kwenda moja kwa moja kijitoni, kuona maji yamefika wapi yeye akiwa hayupo.

Na kabla ya yote hayo kulikuwa na miaka miwili.

Akiwa kijana aliitwa jeshini, aende kwenye vita vya nchi ya mbali. Alikataa. Hakujificha, hakuvuka mpaka kama baadhi ya wenzake. Alivaa shati safi, akaenda mwenyewe mahakamani akasema hawezi kwenda kuua watu asiowajua. Akafungwa. Dirisha la chumba chake gerezani lilikuwa na ukingo kwa nje, na shomoro wawili wakajenga kiota pale. Kwa kukosa la kufanya, akaanza kuandika nyuma ya barua za mama yake: wameleta unyasi saa ngapi, wametaga lini, kifaranga yupi ameanguka. Aliniambia kwamba kabla ya hapo hakuwahi kumtazama ndege hata mmoja. Alikuwa kijana wa mjini, mpenda magari.

Kwa maneno mengine, mwandishi yule alizaliwa gerezani. Ukiitoa ile miaka miwili, vitabu vinne vinabaki havina mlango wa kuingilia.

Nami niliitoa.

Niliitoa kwa sababu niliombwa, na sikuhitaji kuombwa mara mbili. Jumatano, nilipokwenda na daftari langu, Mama Neema alinivuta jikoni akafunga mlango.

"Mwalimu, yale ya polisi na jela tuyaache. Nakuomba. Watu wetu unawajua. Jumatatu watakuwa wanasema mimi Tabitha nilikuwa nimeolewa na mfungwa."

"Naelewa, Mama Neema."

"Tena nusu ya watakaokaa pale bado wanangojea karatasi zao za ukaazi. Ukitamka polisi kanisani, mtu anaanza kutafuta mlango uko wapi."

Hakukosea. Nimewaona watu wazima, wachapakazi, wakipunguza sauti kwa sababu gari lenye taa juu limepita nje. Kwa hiyo nilikwenda nyumbani, nikaandika ukurasa wangu, na nilipofika kwenye ile miaka miwili nikaandika hivi: "Baada ya masomo, marehemu alijishughulisha na shughuli zake binafsi kwa muda, kisha akaanza kazi ya uandishi."

Aliyekulia kwetu na kuhudhuria misiba anaijua sentensi hiyo. Ni ya zamani na ina kazi nyingi. Chini yake wamelala waliofukuzwa kazi, waliozidiwa na pombe, waliokuwa na nyumba ya pili Morogoro. Msomaji anaipita haraka, wasikilizaji wanatazama chini, na kila mtu anaelewa kwamba asiulize. Niliiandika bila kusita. Nakumbuka hata nilipiga mluzi.

Ijumaa jioni nikaenda kuwasomea.

Nyumba ilijaa. Viatu vilianzia mlangoni vikashuka ngazi za nje. Jikoni alikuwa Nyambura, Mkenya wa Woodbridge ambaye hutoka kwenye kazi yake ya kuwahudumia wazee, akaingia barabarani na foleni zake zote, akaja kutupikia kwenye kila msiba. Hakuna mtu anayethubutu kumpokonya mwiko. Mama Neema alikuwa amekaa kwenye godoro sebuleni, kanga mabegani. Na Neema, binti yao wa pekee, mwenye miaka ishirini na minne, alikaa kwenye ngazi za kupandia juu, akiwa amevaa koti la mvua la baba yake. Neema anasikia Kiswahili chote lakini hujibu kwa Kiingereza, kama wenzake wengi waliozaliwa huku. Maneno yake hapa nimeyaandika kwa Kiswahili.

Nikasoma. Nilipomaliza palikuwa kimya, ule ukimya ambao kwa kawaida huwa ni wa kukubali. Nikapeleka mkono mfukoni kutafuta kalamu.

"Anko," Neema alisema kutoka kwenye ngazi, "huyo ni nani?"

"Ni baba yako, mwanangu."

"Hapana. Huyo ni mtu aliyesoma, akafanya shughuli, akaoa, akafa. Wako wengi. Baba yangu alifungwa."

"Neema," mama yake alisema, "shusha sauti. Kuna wageni."

"Tangu nina miaka tisa naambiwa nishushe sauti. Polisi wakimchukua, mimi shuleni naambiwa niseme baba amesafiri. Nikamwambia mwalimu, baba amesafiri. Nikawaambia marafiki zangu. Kuna msichana aliniuliza mbona baba yako anasafiri bila begi." Alisimama. "Kama kesho mtasoma hiyo, msinitafute kanisani. Nitakaa kijitoni mpaka mmalize."

"Umzike baba yako ukiwa msituni? Watu waseme nini?"

"Waambie nimesafiri."

Mama Neema alijifunika uso kwa kanga. Mimi nilisimama na karatasi yangu. Nimemaliza kesi nyingi za namna hii. Kijana anapandisha hasira, unamwita pembeni, unamweleza mila, anashuka. Lakini nilimtazama usoni, nikaona kwamba huyu hatashuka. Kesho yake mama angekaa kiti cha mbele peke yake, na binti angemkosa baba yake mara ya mwisho, na watu hawa wawili waliobaki wangebeba jambo hilo miaka yote iliyo mbele yao. Na kilichokuwa kinawatenganisha kilikuwa ni sentensi moja, yenye mwandiko wangu.

Nyambura alitokeza kichwa kutoka jikoni.

"Lakini Mwalimu, kusema ukweli, huyu mzee si alikuwa anashikwa kila saa? Hata mimi nilimwona kwa simu, amebebwa na polisi wanne kama kitanda. Ama tunajifanya hatujui?"

Mtu mmoja alicheka, akajikohoza.

"Nyambura, rudi kwenye sufuria zako," nilisema.

"Sufuria ziko sawa. Ni nyinyi mnaungua."

Nilikaa chini. Naandika hapa jambo ambalo sikuwa nimelipanga, na ambalo katika miaka yangu yote ya Maryland sikuwahi kumwambia mtu. Marehemu mke wangu mwenyewe nilimweleza nusu.

Nilikuwa na kaka. Elieza alikuwa bwana miti, mwajiriwa wa serikali, na alisimamia msitu ulio juu ya vijiji vyetu, ambamo mito yetu yote inaanzia. Wakaja wakubwa wakitaka atie sahihi kibali cha kuvuna mbao mle. Akakataa. Wakaja tena, akakataa, kisha akasimama kwenye mkutano wa hadhara akawataja kwa majina. Wiki haikuisha akachukuliwa. Alikaa ndani mwaka na miezi, bila kesi. Alirudi amekonda, kazi hana, akafuga nyuki mpaka alipokufa. Msitu ule upo mpaka leo na maji yanatiririka, na wanaoyanywa hawajui.

Alipofariki nilisafiri kwenda kumzika. Mimi ndiye msomi wa familia, kwa hiyo mimi ndiye niliyeandika. Na pale penye mwaka ule, niliandika kwamba marehemu alijishughulisha na shughuli zake binafsi kwa muda. Niliogopa. Kulikuwa na viongozi wameketi chini ya turubai, na mimi nilikuwa na ndege ya kurudi wiki inayofuata. Nilipoisoma ile sentensi, mtoto wake wa kwanza, Elirehema, aliinuka katikati ya watu, akaondoka taratibu akipita kwenye viti. Hakurudi mpaka udongo ulipokuwa unatupwa. Hatukuzungumza tena. Huu ni mwaka wa kumi na moja.

Haya niliwaeleza pale sebuleni, nikimtazama Mama Neema. Sikumwambia abadilishe mawazo. Nilimwambia tu, "Mimi nimeshaisoma sentensi hii mara moja. Najua kinachotokea."

Aliikunja na kuikunjua ncha ya kanga. Halafu mabega yakaanza kumtikisika, nikadhani analia.

Alikuwa anacheka.

"Mwalimu, hebu soma tena. Umeandika mimi na Everett tulikutana wapi?"

"Katika shughuli za kikazi. Ndivyo ulivyonieleza."

"Ni kweli kabisa. Kazi yangu ilikuwa kumlisha. Yeye kazi yake ilikuwa kufungwa pingu kitandani."

Hata Nyambura aliweka mwiko chini.

Akatusimulia. Alikuwa na miezi michache tu tangu afike Amerika, msaidizi wa wauguzi hospitalini. Wakamletea mgonjwa aliyevunjika mbavu alipokuwa anaburutwa kutoka msituni, mkono mmoja umefungwa kwenye chuma cha kitanda, askari mlangoni. "Nikasema leo nimekwisha, huyu ni muuaji. Kijiko kinanitetemeka, uji unamwagika shingoni kwake. Yeye ananiambia samahani, naomba unifungulie pazia, nadhani kuna mwewe pale juu ya paa. Nikajisemea, muuaji gani anauliza habari za mwewe?"

"Na alikuwepo?" Nyambura aliuliza.

"Nani?"

"Huyo mwewe."

"Alikuwa njiwa. Nikamwambia ni njiwa. Akasikitika kuliko alivyosikitikia mbavu."

Watu walicheka kicheko kile cha msibani, cha kujifuta macho. Neema peke yake hakucheka. Alikuwa ameshuka ngazi mbili.

"Mama. Ulimkuta na pingu."

"Nilimkuta na pingu."

"Na mimi ukanifundisha kusema amesafiri."

Kicheko kikakatika. Mama Neema alimtazama binti yake.

"Nilikuwa naogopa, mwanangu. Sikuwa na karatasi bado. Baadaye nikazipata, na woga ukabaki. Sikujua namna ya kuutoa."

Neema alishuka ngazi zilizobaki, akakaa kwenye godoro na lile koti kubwa, bega kwa bega na mama yake. Hawakukumbatiana. Walikaa tu, kama watu wanaosubiri zamu kwenye benchi moja.

"Andika upya, Mwalimu," Mama Neema alisema. "Andika jela. Andika na pingu."

Niliandika pale pale kwenye meza ya chakula, katikati ya sahani. Ukurasa ukajaa, nikageuza. Kwa mara ya kwanza wasifu wangu ulizidi ukurasa mmoja. Mama Neema akatia sahihi, kisha akampa Neema kalamu naye akatia yake. Hilo halikuwa katika utaratibu wangu, lakini sikuona sababu ya kukataa.

Jana tulimzika.

Kanisa lilijaa mpaka ukumbi wa nje. Upande mmoja watu wetu, upande mwingine wazee wa Kiamerika waliovaa buti za kutembelea matopeni, wenzake Everett wa kuketi chini mbele ya magreda. Neema alikuwa kiti cha mbele. Nilisoma kuzaliwa, nikasoma shule. Nilipokaribia ile miaka miwili niliinua macho na kumwona amesimama. Nilidhani anaondoka. Alikuja mpaka nilipo akanyoosha mkono, nikampa karatasi.

Akasoma kwa Kiswahili. Sikuwa nimewahi kumsikia akisema Kiswahili zaidi ya "ahsante" na "nimeshiba". Alikwenda polepole, neno kwa neno, kama anayevuka kijito kwa kukanyaga mawe. Alisoma kwamba baba yake alikataa kwenda vitani, kwamba alifungwa miaka miwili, kwamba gerezani aliwaona shomoro wawili akaanza kuandika. Alisoma kwamba alikamatwa tena na tena kwa ajili ya miti na maji ambavyo sisi sote tunavitumia. Alisoma pingu, mbavu na njiwa. Kisha akanirudishia karatasi akaenda kukaa, na mama yake akasogea kumpisha.

Sitaki kudanganya kwamba kila mtu alifurahi. Mwanamume mmoja aliyekaa karibu na mlango alitoka na hakurudi. Namfahamu, na najua anachokiogopa, na simlaumu. Mzee mmoja wa kanisa aliniambia kwenye chakula, "Mwalimu, leo umetusomea faili la polisi." Nikamjibu kwamba ndiyo, na faili lilikuwa zuri. Hakupenda.

Lakini wakati watu wanatawanyika kwenda kwenye magari, alinijia baba mmoja Mkongo. Miaka yote tangu nimfahamu, akiulizwa alifanya nini nyumbani kabla ya kuja, husema alikuwa mfanyabiashara. Alinishika mkono, asiuachie.

"Papa Mwalimu," alisema, "na mimi siku yangu utaniandika hivyo."

"Hujanieleza bado cha kuandika."

"Nitakuja." Akaingia garini.

Nimekaa na haya yote tangu jana. Najiuliza ni watu wangapi nimewazika wakiwa wamefuliwa, mpaka wajukuu wao hawajui kwamba katika damu yao kuna mtu aliyewahi kusema hapana. Tunawapa watoto wetu wasifu wa watu watulivu, halafu tunawashangaa kwa kuona kwamba babu zao hawana la kuwafundisha. Kwa mwalimu wa miaka mingi kama mimi, hilo ni jambo gumu kulikiri.

Leo asubuhi, kabla ya ibada, niliandika upya ukurasa wa kaka yangu. Kisha nikapiga simu Tanzania. Kwao ilikuwa alasiri. Iliita mpaka nikataka kukata.

"Baba mdogo?" Elirehema alisema. "Shikamoo. Kuna msiba?"

"Marahaba. Hakuna msiba. Kuna kitu nataka nikusomee, kama una nafasi."

Nilisikia mtu anakata kuni upande wa pili.

"Soma," alisema.

Nikasoma. Bwana miti, msitu, kibali alichokataa, mkutano wa hadhara, wakubwa aliowataja. Nikasoma kwamba alikamatwa ofisini kwake, akakaa ndani mwaka na miezi bila kesi. Nikasoma nyuki. Nilipomaliza, yule mtu wa kuni alikuwa ameacha kukata.

"Umekosea mahali," alisema.

"Wapi?"

"Hakukamatwa ofisini. Alikamatwa nyumbani, tunakula. Alikuwa amenipakata. Alimaliza kunilisha tonge lililokuwa mkononi, ndipo akainuka."

Sikujua hilo. Sikuwa nimewahi kumuuliza mtu aliyekuwepo.

"Nirekebishe?" nikamuuliza.

"Rekebisha. Halafu nitumie."

Nimerekebisha, nimetuma.

Basi wewe uliyesoma mpaka hapa, leo, kabla ya chakula cha jioni, andika kwenye karatasi ule mwaka ambao watu wa nyumbani kwenu huuruka, kisha mpigie simu mtu aliyekuwepo umsomee.